Barua Ambayo Bartolomayo Hakuiandika

Mheshimiwa Bwana Jumbe. Bwana Padre pamoja na Bibi. Mwalimu wetu Gideoni, mwenye siku yake leo. Wazee wa kanisa na wazee wa mifugo. Ndugu yetu Athuman na wenzake mliotoka Kondoa kwa miguu ili mumuage rafiki yenu. Akina mama mliopika tangu alfajiri. Na ninyi wanafunzi mliokaa juani bila kulalamika: wakubwa, shikamooni. Na wote kwa pamoja, mbukwenyi!

Mmeitika vizuri. Nashukuru. Nikimaliza kusema sijui kama mtaniitikia tena hivyo.

Jina langu mnalijua. Mimi ni Methusela, mtoto wa mzee Matonya wa ng'ambo ya korongo, karani wa Boma kwa miaka kumi na mitano sasa. Kazi nyingi za Boma zinahamia Dodoma kwenye reli, na ninyi wazee mkakaa wiki iliyopita mkaamua nisiende huko, nirudi nyumbani nishike shule badala ya Mwalimu. Kwa hiyo leo nimeambiwa niseme maneno machache ya kuaga, kisha nipokee ufunguo. Ufunguo wenyewe ule pale mezani, karibu na kibuyu. Nitaufikia.

Kwanza Mwalimu mwenyewe. Nani hapa hakufundishwa kuandika kwenye majivu? Mwalimu alikuwa anamwaga majivu juu ya ungo, anayasawazisha kwa kiganja, halafu anakushika kidole. Siku nyingi za majivu, ndipo kibao. Siku nyingi za kibao, ndipo karatasi, na karatasi yenyewe moja kwa mwezi, maana zilikuwa zinatoka pwani kichwani mwa mpagazi. Tulikuwa watu wazima wengine, tuna ndevu, tumekaa chini na ungo mapajani kama tunapepeta uwele, na akina mama wakipita wanatucheka: "Leo wanaume wanapika nini?"

Lakini mnajua alikuwa anatazama nini katika yale majivu? Mwalimu kabla ya kusoma alichunga. Na mchungaji wa kweli, mkimpeleka kwenye tope la bwawani penye nyayo mia, atawaambia huyu ni ng'ombe wa fulani, mguu wa nyuma anauvuta, na ana mimba. Mwalimu akatuambia, "Karatasi nayo ni tope tu. Mtu akipita, anaacha unyayo." Ndivyo alivyotusoma. Hakutusoma maneno, maana maneno alitupa yeye mwenyewe. Alisoma jinsi tulivyopita.

Priska, uko wapi? Simama mama, usione haya. Mnakumbuka alivyoandika Priska? Herufi moja kibao kizima! Mwalimu akamwambia, "Mwanangu, wewe unaandika kama unavyoita ng'ombe." Na je, ni uongo? Priska akisalimia mtu kisimani, sisi wa ng'ambo tunaitikia.

Na ndugu yetu Athuman, yeye anaandika herufi za Kiarabu, anaanzia kulia. Siku ya kwanza alimtania Mwalimu, "Ninyi mnaandika kinyumenyume." Mwalimu akamjibu, "Basi tutakutana katikati." Kisha akaichukua barua aliyoiandika Athuman, asiyoweza kusoma hata herufi moja, akaigeuza huku na huku, akasema, "Mwenye mkono huu ana haraka, lakini akianza jambo analimaliza." Athuman, kweli si kweli? Anasema kweli. Mkewe Mwajabu anatikisa kichwa, lakini hayo ni ya nyumbani kwao.

Sasa mimi. Mimi nilikuwa na mkono gani?

Nilikuwa na mikono yote. Nilikuwa naweza kuandika kama Priska, nikaandika kama Mwalimu, nikaandika kama Bwana Padre na mikia yake mirefu ile. Wenzangu walikuwa wanaleta vibao, "Methusela, tuigie huyu! Tuigie na yule!" Wanapiga makofi. Mwalimu akaja nyuma yangu, akatazama kibao, akasema, "Methusela, hapa nawaona watu sita. Wewe uko wapi?" Nilicheka. Nilidhani ananisifu.

Na alikuwepo Bartolomayo. Yule pale nyuma, karibu na zizi la ndama, mwenye shuka jeusi. Usiondoke, ndugu yangu. Nakuomba. Yanakuhusu.

Bartolomayo aliandika polepole hadi tukawa tunamsubiri na njaa. Lakini kila herufi yake ilisimama kwa miguu yake yenyewe. Na alikuwa na jambo moja ambalo sisi wengine hatukuwa nalo. Sisi tukikosea, tulichukua wembe, tukakwangua wino taratibu, tukasugua kwa ukucha, tukaandika juu yake, ukitazama huoni kitu. Mimi nilikuwa fundi wa kukwangua. Bartolomayo hakukwangua kamwe. Alipiga mstari mmoja juu ya kosa, akaandika la sawa pembeni. Mwalimu akamuuliza, "Mbona unachafua karatasi?" Akajibu, "Mwalimu, kosa si lilitokea?"

Wazee wangu, basi ikafika mwaka ule Bwana Shauri, yule Mzungu mkubwa wa Boma, alipotaka karani wa kuandika herufi za Kizungu. Aliomba shule ipeleke jina moja. Mwalimu akapeleka la Bartolomayo. Mimi nilikuwa wa pili.

Mnajua wa pili ni nani? Wa pili ni mtu anayelala karibu na chakula bila kula.

Ilikuwa majira ya kupura uwele, watu wote wako uwanjani. Mimi nikaingia kwenye ghala la mjomba wangu na karatasi yangu ya mwezi ule, nikaketi kati ya vilindo vya nafaka, nikaandika kwa mkono wa Bartolomayo. Maneno nayakumbuka, nitayasema yote, hayakuwa mengi. "Kwa Bwana Shauri. Mimi Bartolomayo sitaki kazi yenu. Tafuteni mtumishi mahali pengine." Basi. Kisha nikampa tarishi aliyekuwa anapita.

Subirini. Bwana Jumbe, naomba uwanyamazishe, sijamaliza. Matusi yangu nitayapokea, lakini nikimaliza.

Nilipofika mahali pa jina katika barua ile, mkono wangu ulianza kuandika jina langu. Nilishaandika M, nikaandika na e, ndipo nikashtuka. Nikachukua wembe. Nikakwangua vizuri sana, mkwanguo mzuri kuliko yote ya maisha yangu, nikaandika juu yake Bartolomayo.

Siku ya nne askari akaja shuleni na barua ile mkononi. Bwana Shauri amekasirika, anauliza, ndiyo adabu mnayofundisha? Mwalimu akaisoma. Akasema, "Bartolomayo, ni yako hii?"

"Si yangu, Mwalimu."

Mwalimu akaenda mlangoni, akaiinua ile karatasi juani. Mimi nilikuwa nimeketi mbele, nikaona mwanga umepenya mahali pa jina, pamekuwa pembamba kama ngozi ya kitunguu. Akaja akasimama mbele yangu. "Methusela, wewe unajua mikono ya watu wote. Huu ni wa nani?"

Alinipa mlango. Ulikuwa wazi kabisa, ningeweza kupita.

Nikasema, "Ni wa Bartolomayo, Mwalimu."

Mwalimu akamwambia askari, "Mimi mkono wa mtoto wangu siuoni hapa." Askari akacheka, "Mwenzake wa darasa amekwisha sema, wewe mzee unataka nini tena?" Wakamchukua. Akatwikwa mzigo wa Boma mpaka Kilimatinde na kurudi, miezi miwili, mabega yakachubuka. Na Boma wakauliza, wa pili ni nani? Nikaenda mimi. Nikavaa kanzu nyeupe. Mlinipigia vigelegele hapa hapa.

Yeye alirudi, mkampa jina. Nani hapa hamwiti Bwana Sitaki? Watoto wamezaliwa wamelikuta, wanadhani ndilo la ubatizo. Shemeji Raheli, nakuomba unitazame. Najua huwa unamtania mumeo mvua ikipenya kwenye tembe: "Ungekubali ukarani tungekuwa tunalala pakavu." Nimekusikia mwenyewe, nimekaa kwenu nakunywa uji wako. Mwanzoni alikuwa anakuambia, "Sikuandika mimi." Baadaye akaacha kusema, akawa anatabasamu tu, anapanda juu kukandika udongo. Shemeji, hakuandika. Miaka yote hiyo ya ndoa alikuambia kweli, na mimi nilikuwa nimeshika bakuli lako.

Sasa kwa nini nayasema leo, siku ya furaha ya mtu mwingine? Wiki iliyopita mlipokaa, Mwalimu alimtaja mtu wa kumrithi. Alimtaja Bartolomayo, yule yule, mara ya pili. Na mzee mmoja, simtaji, akasema, "Yule Sitaki? Aliyemtukana Bwana Shauri? Tukimpa shule, mwaka kesho atatuambia hataki." Mkacheka wote. Nami nilikuwepo. Nami nilicheka.

Kicheko kile ndicho kilichonishinda. Barua niliandika nikiwa kijana mwenye tamaa, ningeweza kusema ni ujana. Kile kicheko ni cha wiki iliyopita. Ni cha mtu mzima mwenye mvi, baba wa watoto watano, anayesoma somo kanisani.

Nikaenda kwa Mwalimu. Nilimkuta anafunga jembe mpini. Nikamwambia yote. Hakuacha kufunga. Akasema, "Najua."

"Tangu lini, Mwalimu?"

"Tangu mlangoni."

"Mbona hukusema?"

Akaliweka jembe chini. Akasema, "Nilikuwa na mahali pembamba kwenye karatasi. Kwa hilo tu humtoi mtu kwa askari. Halafu nilijua Bartolomayo atabeba, na wewe nikikutaja hutabeba, utavunjika. Nikangoja uje mwenyewe. Hapo nilikosea, Methusela. Nilimtwika mwenye nguvu mzigo wa asiyenazo, kisha nikaliita jambo hilo uvumilivu. Na hili nitamwambia yeye." Na amekwenda kumwambia, juzi. Waliongea nini sijui, si yangu kujua.

Nikamwomba ruhusa niseme leo mbele yenu. Akasema, "Sema. Ila usirefushe, watu wana njaa."

Huyo ndiye Mwalimu tunayemuaga. Anakutazama mpaka ndani, kisha anakupa nafasi, na nafasi yenyewe inakutesa kuliko fimbo. Katika miaka yote hii hakuacha kuniandikia kule Boma. Habari za mvua, nani kazaa, ng'ombe gani kafa. Na mwisho wa kila barua: "Nijibu kwa mkono wako." Nilimjibu kwa mkono wa Boma, herufi zimelala upande mmoja kama za Bwana Shauri aliyekuwepo. Bwana Shauri akibadilika, na herufi zangu zinabadilika. Mwalimu, nisamehe. Sikuwa nakudharau. Nilikuwa sina huo mkono ulioutaka.

Baada ya kutoka kwako nimeandika barua moja. Ni ya kwenda Boma, nimeeleza yote haya, kwamba mtukanaji nilikuwa mimi. Ilitoka mbaya jamani! Herufi nyingine kubwa, nyingine zimejikunja, mistari inapanda kama mbuzi mlimani. Nimekosea mara nne, nikapiga mstari. Niliitazama nikaona aibu, halafu nikasema, haya, kumbe ndiye mimi, karibu nyumbani. Tarishi ameondoka nayo jana asubuhi. Inaweza kuwa kiboko, inaweza kuwa mnyororo, inaweza kuwa wanicheke tu wanifukuze. Mke wangu Yudith anajua. Amelia, kisha akanifulia kanzu hii niliyovaa, akasema, "Kama ni kusema, sema ukiwa msafi."

Bwana Jumbe, ufunguo siwezi kuupokea. Wala sithubutu kuuchukua nikampa Bartolomayo, maana si wangu wa kugawa. Acha ukae pale mezani.

Ndugu yangu Bartolomayo, sikuombi msamaha hapa. Mbele ya watu wote hawa mtu hana njia ya kukataa, na mimi nimekwisha kukunyima njia mara moja. Nitakuja kwako, nitabisha hodi. Usipoitikia nitarudi nilikotoka, na kesho yake nitabisha tena.

Wazee, nami nina ombi moja, kisha nakaa. Msiniulize mimi nani anafaa. Msimuulize hata Mwalimu, amekwisha kusema mara mbili. Toka ile siku ya barua mpaka kikao chenu cha wiki iliyopita, sote tumemjibia mtu huyu. Mimi nilimjibia kwa wino, ninyi mkamjibia kwa kicheko. Hakuna hata mmoja aliyewahi kwenda akasimama mbele yake akamuuliza kama kazi anaitaka. Muulizeni sasa. Yuko pale, amesimama. Akisema ndiyo, tumesikia. Akisema hapana, safari hii itakuwa ni yeye aliyesema.

Mwalimu Gideoni, nenda kapumzike kwa ng'ombe wako. Umefundisha. Akina mama, mtusamehe, chakula kimepoa kwa ajili yangu. Nanyi nyote mlionivumilia mpaka hapa bila kunitoa kwa mawe, nawashukuru kwa masikio yenu. Nimemaliza. Anayefuata kusema ni Bartolomayo, akipenda.