Kiti cha Scansores

Mheshimiwa mgeni rasmi, mwakilishi wa wadi yetu. Mwenyekiti wa kamati ya kituo chetu cha miche, Mzee Hezekiah Muthamia. Meneja wetu, Bi. Ruguru, Mchungaji uliyetufungulia kwa maombi, wazee wetu, akina mama, walimu na wanafunzi, ndugu wageni waalikwa mliotoka Embu mjini na wengine mbali kule Ishiara, na mwakilishi wa Scansores, ambaye kiti chake kiko hapa mstari wa mbele, chenye kitambaa cheupe na jina lake, na ambaye mpaka sasa hajafika: hamjambo nyote?

Naitwa Kinya, karani wa kituo hiki. Nina hofu, na sioni haja ya kuificha. Nilikulia Kaaga, kule Meru. Nilipokuja kufanya kazi Embu, nilikuta watu wameshaonywa kwamba Wameru wana hasira kali. Leo mmemwona mmoja kwa karibu, na karatasi yake ameishika kwa mikono miwili.

Mnajua tumekutana kufungua banda hili la wageni na njia ya kutazamia ndege. Ambacho huenda hamjui ni kwa nini mimi, ambaye kazi yangu ni kupiga chapa hotuba za wengine, nimepewa maikrofoni. Kisa chake ni hicho kiti.

Mwezi uliopita kamati ilikaa kuipitia ratiba ya leo. Bi. Ruguru alikuwa ameniagiza niongeze mstari mmoja mwishoni: «Shukrani kwa Scansores, wenyeji wa njia hii.» Neno hilo yeye na mimi tunalijua vizuri, kwa sababu ofisini kwetu kuna mchoro wa zamani wa ndege ulioachwa na waliokianzisha kituo, na juu yake limeandikwa kwa herufi kubwa. Bi. Ruguru alitaka tuwashukuru ndege. Lakini Mzee Muthamia alikuwa amesahau miwani nyumbani. Aliishika karatasi mbali na uso, akakunja macho, akasoma kwa sauti ya mtu asiye na shaka: «Na tunawashukuru masponsa.»

Kamati ikapiga makofi.

Naona vijana walio nyuma wanacheka. Wanacheka kwa sababu wanajua maana nyingine ya sponsa, na hiyo sitaieleza, Mchungaji yuko hapa.

Mama Kaari, mkuu wa jiko letu, akauliza swali ambalo mtu yeyote mwenye akili angeuliza: «Hawa masponsa wametoa nini? Tenti ama soda?»

Mzee akamjibu, «Mama, watu wakubwa hawatangazi walichotoa. Wawekeeni kiti mbele.»

Nikanyoosha mkono. Mzee akaniona, akasema, «Karani, andika hivyo.» Nikaandika hivyo. Mkono wa karani ukinyooka, watu hudhani unaomba kalamu.

Jambo la mwisho siku hiyo lilikuwa ule mti. Mkigeuka kushoto mtauona, ule mukima mkavu nyuma ya banda, usio na jani hata moja. Mzee alisema maneno ambayo hata leo siwezi kuyapinga: «Tawi la mti huo likimwangukia mgeni, nitasimama wapi niseme nini? Antony, siku ya kufungua uje na msumeno wako. Watu wakishakula, uangushe.» Na Mama Kaari akaongeza, «Kuni zije jikoni. Zimekauka vizuri hizo, hazitatutoa machozi.»

Hapo ndipo sauti iliponitoka. Sijui ilitokea wapi. Nikasema, «Mzee, huo ni mti wa Scansores.»

«Akina nani?»

«Wale masponsa. Wanakaa ndani ya huo mti. Na wana watoto.»

Kisha Antony Gichovi, fundi wetu wa msumeno, akauliza polepole, «Kwa hivyo mimi naitwa kubomoa nyumba ya sponsa, na kiti tumemwekea?»

Walicheka mpaka Mzee akatoa kitambaa cha kufutia macho. Lakini mwenyekiti mzuri habadilishi uamuzi wa kamati kwa sababu amecheka. Alipomaliza kujifuta aliniambia, «Kinya, mwanangu, kiti kitabaki. Siku ya kufungua utasimama uwaeleze watu maana ya hilo neno. Wakilielewa, mambo ya mti tutayafikiria upya. Wasipolielewa, Antony atafanya kazi yake baada ya chakula.»

Ndugu zangu, msumeno ule pale, nyuma ya pikapu ya Antony. Na harufu ya chakula mnaisikia. Kwa hiyo nitajaribu kueleweka.

Scansores ni neno la Kilatini, na maana yake ni wapandaji. Wataalamu wa zamani walilitumia kuwa jina la kundi zima la ndege wanaokwea miti. Humo walimtia kasuku. Wakamtia kigogota, yule ndege anayegonga mti kwa mdomo kama anayebisha hodi. Wakamtia pia yule ndege ambaye sisi humsikia akiita mvua inapokaribia, na ambaye hutaga yai lake katika kiota cha mwenzake na kumwachia kazi ya kulea.

Sasa mtaniuliza: kasuku na huyo mkwepa malezi wamekutana wapi? Jibu liko miguuni. Kuku wa nyumbani kwako ana vidole vitatu mbele na kimoja nyuma. Ndege hawa wana viwili mbele na viwili nyuma. Wataalamu waliangalia miguu, wakaona inafanana, wakasema hawa ni ukoo mmoja. Walihesabu vidole, hawakuuliza mama ni nani.

Baadaye wengine walichunguza mifupa, na baadaye zaidi wakachunguza damu, wakagundua kwamba hapakuwa na ukoo. Kasuku ana watu wake na kigogota ana watu wake. Isitoshe, yule mtangaza mvua hata kukwea mashina hakwei, ilhali wako ndege wengine wadogo wanaokwea mashina mchana kutwa, na hao waliachwa nje kwa sababu ya kidole kimoja. Kundi likavunjwa. Leo mtaalamu akitumia Scansores anazungumzia historia ya elimu ya ndege. Kilichobaki hai ni kivumishi cha Kiingereza kilichozaliwa na neno hilo, ambacho bado hutumika kumweleza mnyama yeyote ambaye mwili wake umeumbwa kwa kukwea.

Kuhusu matumizi, niseme mawili tu, maana naona Mheshimiwa anatazama saa. La kwanza, Scansores ni wingi. Hakuna Scansore mmoja, kwa hiyo hicho kiti tangu mwanzo kilikuwa kidogo. La pili, lisisomwe bila miwani.

Nashukuru, Mzee, kwa kuipokea hiyo kwa tabasamu. Nilikuwa nimeikata mara mbili kwenye karatasi, nikairudisha asubuhi.

Basi kama kundi lilivunjwa, kwa nini Bi. Ruguru na mimi tunaling'ang'ania jina? Nilimuuliza swali hilo nilipokuwa mgeni hapa. Alinionyesha dirishani. Kamati ilikuwa inatoka mkutanoni: Mzee Muthamia akibishana na mjumbe kutoka Mbeere kuhusu miche ya miembe, Mama Kaari akimtuma Antony maji, na kila mmoja akinung'unika kwa lugha ya kwao. Bi. Ruguru akaniambia, «Hao wangeulizwa ukoo, wasingekaa meza moja. Lakini tazama wanavyoshika kazi.» Tangu siku hiyo, ofisini kwetu Scansores ni watu wasio ndugu ambao wamekutanishwa na namna yao ya kushika. Matumizi hayo hamtayapata katika kamusi. Ni ya hapa kwetu, na nawaomba myapokee.

Lakini sikuitwa hapa kuokoa neno. Neno halina makinda.

Meza yangu inatazama ule mti. Nilipofika hapa sikumjua mtu, na kwa muda mrefu chakula cha mchana nilikila dirishani, kwa sababu niliogopa kuingia jikoni na kuulizwa maswali kwa Kiembu nikajibu kwa Kimeru watu wakacheka. Huko dirishani ndiko nilikokutana na kigogota. Anashika gome vidole viwili vikitangulia, viwili vikimzuia kwa nyuma, na mkia wake mgumu ameuegemeza kama mguu wa tatu wa kigoda. Akitaka kushuka hageuki. Anashuka kinyumenyume, uso bado uko juu. Nilimtazama nikajiuliza: hivi huyu hana woga? Nikaja kuona kwamba vile vidole vya nyuma hakupewa kwa sababu ni mwoga. Alipewa kwa sababu ni mtu wa kwenda juu, na anayekwenda juu lazima awe na kinachomshika nyuma.

Siku moja Mama Kaari alinifuata huko dirishani na sahani. Akasema, «Wewe msichana wa Meru, hapa kwetu chakula hakiliwi na ukuta. Njoo jikoni.» Nilikwenda. Walicheka Kimeru changu kama nilivyoogopa, nami nikacheka Kiembu chao, na tangu hapo sijala peke yangu. Leo nimesimama huku juu kwa sababu nyuma yangu wameketi Bi. Ruguru na Mama Kaari. Mkiona sijaanguka, hao ndio vidole vyangu viwili vya nyuma.

Nirudi kwenye mti. Kigogota hachimbi nyumba popote. Anataka mti uliokufa, kwa sababu mbao zake zimelainika. Mwaka baada ya mwaka tumepanda miche, na tumeotesha mingi mizuri. Lakini je, kuna kitalu kinachootesha mti mkavu? Bi. Ruguru anatikisa kichwa. Huo ndio mti pekee wa aina hiyo tulio nao, na ndani yake sasa hivi kuna makinda. Ukisimama chini yake asubuhi unawasikia, sauti kama mafuta yanayoanza kupata moto kwenye kikaango. Mheshimiwa, dakika chache zijazo utakata utepe na kuifungua njia ya kutazamia ndege. Je, tumpe mgeni darubini ya kutazama kisiki?

Mzee Muthamia, hofu yako juu ya tawi ni hofu ya haki, na mimi ni mtu ninayeheshimu hofu. Kwa hiyo ombi langu ni hili. Matawi ya juu, yaliyoelekea banda, yakatwe kwa msumeno wa mkono, taratibu, makinda wakisharuka. Shina libaki. Kwa sasa tuzungushe kamba ili mtu asikae chini yake. Antony nilimuuliza jana kama inawezekana. Alisema, «Inawezekana, lakini mimi nikiwasha mashine hii huwa siulizwi maswali.» Ndiyo maana nauliza kabla haijawashwa.

Mama Kaari, kwako nina ombi gumu zaidi, kwa sababu kuni ni zako. Matawi utayapata. Shina nakuomba uwaachie.

Nangoja jibu lako, Mama.

Wale walio nyuma hamkusikia, nirudie. Anasema: «Mimi nilipokuita jikoni sikukuuliza ulikuwa unakula na nani dirishani. Kumbe alikuwa huyo. Basi mwache na watoto wake, nitapikia matawi.»

Asante, Mama.

Mzee Mwenyekiti, umesema watu wakilielewa neno. Niwaulize basi. Wanafunzi walioketi chini, Scansores ni akina nani?

Mmesikia, Mzee? Wamesema wapandaji. Na yule mdogo wa mbele amesema masponsa, naye nampa nusu ya alama.

Mzee amesimama. Ngoja nimsogezee maikrofoni. Haitaki. Anakwenda kwenye kile kiti. Amebandua karatasi yenye jina. Ndugu wageni, kwa mlio nje ya banda msioona: Mzee Muthamia amempa Antony ile karatasi, na anamwonyesha mti. Antony anauliza agongee msumari ama afunge kamba. Mzee anasema kamba, msumari utawaamsha watoto.

Kiti hiki basi hakina mwenyewe tena. Mwenye jina amehamia kwake, na mimi, kwa idhini ya kamati, naomba nikikalie kabla hofu haijanirudia.

Mheshimiwa mgeni rasmi, utepe unakungoja. Wazee wangu, mama zangu na ndugu zangu wote, asanteni sana kwa kunisikiliza mkanishika mpaka nikafika chini.