Nyumba Iliyovuka Barafu Ikarudi

Baba Paroko wetu mpendwa, Mheshimiwa Hakimu wa ukingo wa kusini, Kapteni wa mgambo wa ukingo wa kaskazini, wakwe zangu akina Daigle, na ninyi ndugu wageni mliovuka mto ulioganda kuja kwenye harusi hii: nawasalimu.

Majira ya mavuno, karani aliposoma ule mkataba wa mpaka mlangoni pa kanisa, nani kati yetu hakuutazama mto kana kwamba hajapata kuuona? Mabwana wa Washington, ambao hawajawahi kula chapati zetu za ngano nyeusi, walikuwa wamepiga mstari katikati ya maji. Mimi, Sévérin Thibodeau wa ukingo wa kaskazini, nikabaki mtu wa Malkia wa Uingereza. Firmin, mchumba wa binti yangu Zélie, akawa Mmarekani. Nanyi mlikuwa mmekwisha kuwajengea nyumba, kama ilivyo desturi yetu, kule kusini, jirani na Mama Daigle, mama mjane wa Firmin.

Mori ukanipanda. "Binti yangu haendi kuishi chini ya bendera ngeni. Unataka mke? Basi lete nyumba huku!" Nilisema mbele za watu, nikidhani nimemkomesha.

Jamani, kijana si akaileta! Januari, barafu ilipokomaa, aliipandisha nyumba juu ya magogo, akafunga jozi kumi za maksai, ikaja inaburutwa mtoni huku watu wakinizomea: "Sévérin, fagia uwanja, mgeni wako anakuja na paa lake!" Ilipofika katikati, Zélie akanishika mkono.

"Baba, umeshinda. Sasa tazama kule inakotoka."

Nikatazama. Mama Daigle alikuwa amesimama peke yake pale nyumba ilipokuwa, ufagio mkononi.

"Yeye kwa miguu yake ya uzee hawezi kutembea mpaka huku," akasema Zélie. "Wewe unaweza kutembea mpaka kule."

Niliona haya, ndugu zangu, niliona haya hadi machozi. Nikashuka kwenye barafu, nikashika kamba ya maksai wa mbele, nikawageuza mwenyewe.

Je, mstari umefutika? Haujafutika, na wajukuu zangu watazaliwa Wamarekani, Mungu awakuze. Lakini Firmin, mwanangu, ulinikubalia ombi moja, na jana nimelikamilisha kwa shoka langu: nyumba yenu sasa ina mlango wa pili, unaotazama mto. Bawaba nimepigilia. Komeo sikuweka.

Kuleni, chezeni, na nawashukuru nyote kwa kunitegea masikio.