Mama Bora, Aliyefanya Kazi Hata Mkataba Ulipokatika

Mchungaji, wazee wa kanisa, jirani zetu wa Dzaleka, nanyi mliofika kutoka Kauma na Biwi mjini Lilongwe, mimi ni Vainqueur, mtoto wa dada yake marehemu, niliyelelewa mikononi mwake, na familia imenituma niwasomee maisha ya mama yetu Ernestine Zihindula, ambaye wengi wenu mlimwita Mama Bora.

Alizaliwa Bagira, Bukavu, tarehe 14 Agosti 1974, binti wa fundi cherehani, akasoma shule ya msingi hukohuko Bagira, kisha sekondari ya ualimu, akapata diploma yake Julai 1993 na kufundisha darasa la kwanza. Tarehe 6 Januari 1996 alifunga ndoa na Baba Evariste, aliyeketi pale mbele, Mungu akawapa Bora, Gentille na Ezechiel, vita vikawatoa nyumbani, na tarehe 2 Machi 2009 wakafika hapa Malawi, katika kambi hii ya wakimbizi ya Dzaleka.

Tarehe 1 Julai 2013 alianza kazi ya ukalimani katika wodi ya wazazi ya kliniki moja ya serikali mjini Lilongwe, akahamia Kauma ili awe karibu, akawa mdomo na masikio ya wanawake wa Kiswahili na Kirundi mbele ya wauguzi wa Chichewa, lakini mkataba wake ulikuwa wa miezi sita, na kila ulipoisha alirudisha gauni la kijani, akakaa nyumbani wiki mbili, akaitwa tena, akasaini upya kama mtu asiyejulikana, na ndivyo walivyofanyiwa wenzake pia, wasafishaji na walinzi, Wamalawi kwa wakimbizi, mwaka baada ya mwaka.

Wiki zile mbili naomba mzisikie vizuri, kwa maana katika wiki zile wanawake hawakuacha kuzaa. Wauguzi wenyewe walituma kabaza mpaka mlangoni pake, naye akapanda nyuma ya baiskeli akiwa na kitenge chake cha bluu chenye ndege weupe, maana gauni lilikuwa limefungiwa kabatini, akaingia wodini akicheka na kusema, "Leo mi niko mugeni, lakini mutoto hajue."

Tarehe 20 Juni 2022 yeye na wenzake walifungua kesi katika mahakama ya kazi Lilongwe, wakidai watambuliwe kuwa wafanyakazi wa kudumu, na idara ya afya iliyowaajiri ikajibu kwamba utumishi wao ulikatika kila baada ya miezi sita, kwamba kila mkataba ulikuwa mwanzo mpya. Wengine walichoka, wengine waliogopa, yeye mwenyewe hakuitwa tena kazini tangu Januari 2023, akarudi Dzaleka, na watu walipomwambia kwamba mkimbizi hunyamaza na kumshukuru Mungu, alijibu kwamba yeye humshukuru Mungu kila Jumapili, na siku zinazobaki ni za kesi.

Novemba 2024 alianza kuugua figo, akalazwa mara tatu, na Jumatano tarehe 7 Mei 2025, saa nne asubuhi, alifariki hospitalini Lilongwe, Baba Evariste akiwa amemshika mkono.

Sasa, ndugu zangu, Jumanne tarehe 13 Mei mahakama inawasikia mashahidi, na imeshasema haitaahirisha tena. Mashahidi ni akina mama waliozaa katika wiki zile mbili, wanaokumbuka kwamba aliyewashika mkono alivaa kitenge, yaani kazi yake haikukatika hata gauni lilipofungiwa. Wazee wetu walisema mtu wa nyumba hii hatoki kabla ya matanga kuisha, na hiyo ndiyo desturi yetu, ila mama aliliona mapema, akamwita Bora kitandani, akampa maneno ya kutufikishia sisi na mashahidi, "Matanga yangu mutaikalia kule ku tribunal. Muvae bien, musilie mbele ya juge, museme tu batoto yenu balizaliwa siku gani."

Jana wazee walikaa, wakabishana, wakakubali. Wakili ametueleza kwamba dai la marehemu halizikwi pamoja naye, hivyo Bora atasimama mahali pa mama yake, na basi litaondoka hapa kanisani Jumanne saa kumi na mbili asubuhi. Mama Kabibi, Mama Annuarite, nanyi wote wa wiki zile, njooni na watoto wenu, na kitenge hiki cha bluu ambacho familia imevaa leo ndicho tutakachovaa kule.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, jirani waliotupikia nsima na kulala nasi chini, wenzake wa kazi ambao hawakuliondoa jina lake katika kesi, na wale wauguzi wawili waliokubali kusema mahakamani ni nani aliyetuma kabaza, zikomo kwenu.

Mama, amani uliyowapa wanawake wengi katika uchungu iwe yako sasa, pumzika, Jumanne tunakwenda kukukalia matanga.