Flashi ya Bure

Aron alipofungua laptopu kwenye gari la kwenda Kericho, jirani yake, mwuza kava za simu wa Kapkatet aliyejitambulisha kama Duke, aliona mkononi mwake kijitabu cha gemu ya zamani ya kujenga miji na kupigana vita.

"Hiyo haikubali mashine mpya, mzee. CD yake iko wapi?"

Mama watoto aliitundika kwenye mahindi ifukuze ndege, Aron akajibu, na ndege waliiogopa vizuri sana. Sasa Aron alitaka kuinunua upya kihalali, kwa duka la mtandaoni linalouza gemu hizo zikiwa zimerekebishwa.

"Ununue mara ya pili? Hao ni wezi. Mimi niko nayo hapa kwa flashi, nakuwekea bure."

Aron akaisogeza laptopu mbali naye. Ilikuwa ya binti yake, na ndani mlikuwa na utafiti wa miaka miwili aliotakiwa kuupeleka Chuo Kikuu cha Kabianga Jumatatu.

"Uliitoa wapi?"

"Kwa rafiki."

"Na yeye?"

"Mzee, kwani unaandika statementi ya polisi?"

Aron hakukasirika. Hata lile duka hakuliamini sana, maana lilikuwa limetaka kujua tarehe yake ya kuzaliwa. Akauliza polepole, "Kwako inacheza?"

Duke akatazama mashamba ya chai nje. "Ilicheza vizuri siku mbili. Halafu kompyuta ikakataa kuwaka. Lakini hiyo ilikuwa imezeeka tu."

"Hiyo kompyuta uliinunua lini?"

Gari likasimama. Aron akashuka, laptopu kifuani, na Duke bado alikuwa anahesabu miezi kwa vidole vya mkono mmoja.