Uso Aliompa Mwizi

Marehemu Jamleck Kihato alizaliwa tarehe 9 Mei 1988 hapa Elburgon, mtoto wa pekee wa marehemu Sue Nyambura, akalelewa na nyanya yake, shosho Wachuka, ambaye ndiye ametamka maneno haya yaandikwe.

Alisoma shule ya msingi hapa hapa mtaani, sekondari akamaliza Njoro mwaka 2006, na walimu hawakuchoka kumwambia shosho, "Mathe, huyu wako anachora hata kwa mtihani wa hesabu."

Alianza kazi Nakuru akiandika mabango ya maduka, kisha mwaka 2014 akatoa kitabu cha katuni cha Mtu wa Gunia, yule atembeaye gizani akiwakata mikono wezi wa mbao, asiyejua kusamehe, na mwizi wa kwanza kukatwa akampa uso wa jirani yetu Mzee Ndung'u, kovu na kofia yake, kwa uvumi tu wa kiwanda cha mbao kwamba ndiye aliyekuwa akiiba. Mwizi mwenyewe alishikwa mwaka uliofuata, na hakuwa yeye.

Hata hivyo kitabu kikawa mchezo wa jukwaani, mwaka 2019 kikawa filamu, sisi familia tukakaa mbele tukapiga makofi, na watoto wakawa wanamfuata Mzee sokoni, "Niaje mwizi, mikono imemea?" mpaka akauza shamba akahamia Olenguruone.

Alimwoa Chepngeno tarehe 16 Desemba 2017, wakajaliwa binti, na siku binti huyo alipokutwa uani akicheza kukata wenzake mikono, Jamleck alikataa filamu ya pili, akaenda Olenguruone mnamo Agosti 2022 kuomba msamaha, naye Mzee akampa chai, akamwambia, "Kijana, kunywa uende, chai si msamaha."

Aliugua figo kuanzia Februari 2024, akatuacha tarehe 3 Juni 2025 hospitalini Nakuru, na neno lake la mwisho kwa Chepngeno lilikuwa ampigie Mzee simu.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliotupikia, na wachoraji wenzake waliochimba kaburi. Mzee Ndung'u amekuja, ameketi nyuma kabisa karibu na lango. Mzee wetu, kiti cha mbele ni chako, lakini ukipenda kubaki huko hakuna atakayekulaumu.

Jamleck, wewe pumzika, hii aibu tuachie sisi tuliopiga makofi.