Profesa Nabhan Famau na Maji ya Siyu

Huyu tuliyemzika Jumanne alasiri alizaliwa papa hapa Siyu tarehe 14 Machi 1961, kifungua mimba wa Bwana Famau Abubakr, fundi wa makubadhi, na Bi Rawiya.

Alianza masomo Siyu, akaendelea Lamu na Mombasa, akahitimu udaktari Nairobi mwaka 1987 na kupata uzamivu mwaka 1995. Makubadhi aliyoshonewa na babake aliyavaa hadi maabara. Mkubwa wake alimuuliza, "Hivi ni viatu vya daktari?" Akajibu, "Ni vya babangu," akaendelea na kazi.

Mwaka 1990 alimuoa Bi Mwanamkisi, wakajaaliwa Idris na Huwaida.

Utafiti wake ulihusu kifafa cha mimba. Mwezi Juni 1999, akiwa maabara Nairobi, ugonjwa huohuo ulimuua dadake, Bi Kulthum, hapa Siyu. Mtoto, Thuwaiba, alipona. Mama alikuwa amelazwa kwenye mashua iliyokwama topeni, ikingoja maji yajae. Marehemu alisema, "Dawa ipo. Asiyekuwepo ni wa kuidunga." Mwaka 2003 alifunga maabara, akakubali kuongoza chuo cha tiba, ili asomeshe madaktari watakaokaa visiwani.

Aliongoza miaka ishirini na moja. Wanafunzi wake walifundishwa kumuuliza mgonjwa wa kisiwani, kabla ya kumshika mkono kumpima mapigo, "Maji yenu hujaa saa ngapi?" Walihitimu mia sita na zaidi. Aliwaandikia, akawapigia simu, akawasihi. Hakuna hata mmoja aliyekaa Siyu.

Wa mwisho kusihiwa alikuwa Thuwaiba, aliyehitimu mwaka jana na kupata kazi ng'ambo. Siku ya pili ya Idi, baada ya sala ya alfajiri, walikaa barazani.

"Kaa Siyu mwaka mmoja tu, mamangu," marehemu alimsihi.

"Mjomba, mbona wewe hukurudi?"

Kifua kilikuwa kikimbana marehemu tangu aamke, na mkondo wakati huo ulikuwa umejaa tele, mashua ingeweza kuondoka. Saa za maji alizijua kuliko mtu yeyote. Hakusema kwamba anaumwa. Baadaye alimwambia Bi Mwanamkisi kwamba aliona haya kuugua mbele ya swali lile.

Saa tatu alianguka. Pikipiki ililetwa impeleke hospitali ya Faza, hakuweza kuketi. Wanaume walimbeba kwa kitanda, matope hadi magotini, wakamlaza ndani ya mashua iliyokaa juu ya tope. Thuwaiba alimpa vidonge vichache vilivyokuwepo, akamkandamiza kifua mara mbili moyo uliposimama, na mara mbili mjomba akazinduka.

"Mai yako wapi?" marehemu aliuliza, akiyaita maji kwa lugha ya kwao.

"Yaja, mjomba."

"Usinidanganye. Hayafiki kabla ya saa nane."

Alifariki saa saba kasorobo, tarehe 1 Aprili 2025. Maji yalipofika yaliikuta mashua haina mgonjwa.

Ameacha mjane, Bi Mwanamkisi, watoto wawili, Idris na Huwaida, wajukuu watatu, na mpwa wake, Thuwaiba, aliyemlea kama mwanawe. Thuwaiba hajasema kama atakwenda au atabaki, na hatumuulizi. Ila tangu Jumatano, kila asubuhi, mlango wa zahanati ya hapa Siyu umekutwa umeandikwa kwa chaki saa za maji kujaa, na mwandiko ni wake.

Mola amsamehe, amtulize, na asimngojeshe tena. Amin.