Mwalimu Faida na Sentensi Aliyoshindwa Kuirekebisha

Ndugu, jamaa, majirani, walimu, na ninyi wanafunzi wake mliojaa mpaka barabarani, familia imemtuma dada yake marehemu, yule anayemfuata kwa kuzaliwa, asome maisha ya kaka yake, na kwa kuwa marehemu alikuwa mtu wa kusahihisha kwa kalamu nyekundu hata kadi za mwaliko wa harusi, dada ameandika, amefuta, ameandika tena, na amekubaliana na wifi yake kwamba hapa hakuna kitakachopambwa.

Mwalimu, ambaye wengi wenu mlimjua kwa jina la Faida, alizaliwa tarehe 9 Agosti 1954, katika vyumba viwili vya nyuma ya duka la ushonaji la baba, akiwa mtoto wa tatu na wa kiume wa kwanza, na jambo kubwa la kwanza kumpata duniani lilikuwa malaria. Mwezi Mei 1959, kabla hajatimiza miaka mitano, homa ilimpanda kichwani, degedege likamkamata, macho yakageuka, mganga wa zahanati akamwambia baba ajiandae, na baba, fundi asiyejua kukaa na huzuni mikono mitupu, akarudi dukani akakata sanda. Mama hakubanduka kitandani. Mtoto akaja kuzinduka akaomba maji, kitambaa kikabaki, na kwa kuwa baba hakuwa mtu wa kutupa kitu, alikishona shati la shule. Kila mgeni aliyefika nyumbani alisimuliwa kisa hicho, watu wakacheka mpaka wakashika mbavu, na kaka mwenyewe akakua akijivunia kwamba yeye kifo kilishampima kikamkuta mfupi.

Alianza shule ya msingi Januari 1962, akavaa shati hilo mpaka likampasuka mgongoni, akaingia sekondari mwaka 1969, akamaliza 1974, kisha akajiunga na chuo cha ualimu na kutunukiwa stashahada ya ualimu wa sayansi mwezi Novemba 1977. Alipenda biolojia kupita kiasi, angeweza kuacha chakula kikapoa ili amwonyeshe mtu goti la panzi, na mama alikuwa akilalamika kwamba amezaa mtoto anayezungumza na mende vizuri kuliko na shangazi zake.

Tarehe 16 Januari 1978 aliripoti kazini katika sekondari ya mjini, akakabidhiwa chumba cha mwisho wa jengo, chenye meza ndefu zilizochongwachongwa kwa bikari, sinki lisilotoa maji na hadubini moja tu nzima, na humo ndimo alimofundisha mpaka alipostaafu mwezi Agosti 2014. Ilikuwapo mada moja aliyoisubiri mwaka mzima kama mtoto anavyosubiri sikukuu, mada ya mageuzi ya viumbe, na ndani yake habari ya jeni ya selimundu. Mliopita mikononi mwake mnaikumbuka, lakini wengine hamkubahatika, kwa hiyo ielezwe kidogo. Mtoto akiirithi jeni hiyo kwa baba na kwa mama, chembe nyekundu za damu yake hujikunja, huziba mishipa, naye huugua maisha yake yote, ila akiirithi kwa mzazi mmoja tu huwa mbebaji, haugui, tena malaria kali humpata kwa nadra kuliko wenzake, ndiyo maana penye mbu wengi jeni hiyo inayoua haijatoweka, kwa sababu wabebaji wengi hupona, hukua, huzaa na kuirithisha. Wanaosomea mageuzi huliita jambo hilo faida ya mbebaji. Mwalimu aliyaandika maneno hayo ubaoni kwa chaki ya rangi, akageuka kwa mbwembwe, akauliza ni faida ya nani, darasa zima likapiga kelele kwamba ni ya mbebaji, na hivyo jina likamganda, mpaka wauza mitumba wa njia ya shuleni walikuwa wakimwita Faida bila kujua limetoka wapi.

Tarehe 5 Desemba 1981 alifunga ndoa na mtaalamu wa maabara wa hospitali ya wilaya, mama huyu mnayemwona ameketi mbele yenu, ambaye alikutana naye siku alipowapeleka wanafunzi kutazama damu kwenye hadubini, naye akamfokea mbele yao kwa kuwaacha washike kila kitu. Kabla mambo ya posa hayajaanza, mama huyu alimweleza waziwazi kwamba yeye ni mbebaji, alijipima akiwa chuoni, na akamwomba Mwalimu alete kidole atolewe damu ili wajue wanaingia kwenye nyumba ya namna gani. Mwalimu alicheka. Alimwambia, kwa ile sauti yake ya darasani, kwamba mbebaji haangushwi na malaria kali, yeye malaria ilimwangusha mpaka akakatiwa sanda, basi yeye si mbebaji, na kama si mbebaji hakuna mtoto wao atakayeugua, kidole cha nini tena. Ilikuwa hoja iliyonyooka kama rula, na ilikuwa na kosa ambalo angemnyima mwanafunzi maksi zote kwa ajili yake, maana faida ile inapatikana ukiwajumlisha watu wengi, wabebaji upande huu na wasiobeba upande ule, lakini haimwahidi mtu mmoja chochote, na wapo wabebaji wanaougua malaria nusura wafe, kama ambavyo wapo wasiobeba ambao hawajawahi kuumwa hata kichwa. Mjane ametaka hili lisomwe kwa maneno yake mwenyewe: sindano ilikuwa mkononi, akaiweka mezani, kwa sababu alimpenda na hoja yake ilikuwa nzuri.

Mungu aliwajalia watoto wawili. Wa kwanza, wa kiume, alizaliwa tarehe 2 Oktoba 1983, mwenye mashavu na kelele, na mwezi Mei uliofuata vidole vyake vya mikono na miguu vilivimba, dalili ya kwanza ya selimundu kwa wachanga, akawa halali, hashikiki. Mama yake alimtoa damu, akaitazama mwenyewe, akanawa mikono, akatembea na koti lake jeupe mpaka shuleni, akasimama kwenye mlango wa darasa na kumwambia mumewe alete kidole. Safari hii hakubishana. Alikitoa palepale mbele ya wanafunzi, na jioni alipopewa jibu kwamba naye ni mbebaji alikaa kwenye ngazi za maabara mpaka mlinzi akamwambia anafunga geti.

Maneno yalisemwa mengi, na baadhi ya wasemaji tunao hapa, watulie tu, hawatatajwa. Wapo waliosema tumbo la wifi lina mkosi, wapo waliomshauri kaka aoe kwingine kabla hajazeeka, na kila aliyekuja na ushauri huo alionyeshwa mlango kwa heshima. Jirani mmoja mwenye nia njema aliwatia moyo kwamba, kwa kuwa madaktari wanasema ni mtoto mmoja kati ya wanne, basi huyo mmoja wameshampata, waliobaki watakuwa wazima. Mwalimu alijua kabisa kwamba kila mimba huanza hesabu yake upya, alimfafanulia jirani kwa kuchora kwenye vumbi, na pamoja na kujua alitumaini, kwa kuwa alikuwa baba kama baba mwingine. Binti yao alizaliwa tarehe 17 Machi 1988, akapimwa mapema, akakutwa naye anaumwa, na baada ya hapo hawakujaribu tena.

Nyumba ile iliishi kwa kusikiliza. Blanketi zilikaa karibu, maji ya moto hayakukosekana kwenye chupa, baridi ikibisha kidogo tu wote walikuwa macho, na mtoto alipobanwa na maumivu ya mifupa baba yake alimpakata na kumtajia majina ya wadudu mpaka dawa ifanye kazi. Mvulana alifariki dunia tarehe 22 Julai 1991, katika wodi ya watoto, akiwa darasa la kwanza. Muhula ulipofunguliwa mada ilifika zamu yake, Mwalimu akaandika maneno yale ubaoni kwa chaki nyeupe, akauliza kama kawaida ni faida ya nani, na darasa, ambalo lilikuwa limezika pamoja naye, likanyamaza. Naye akaiweka chaki mezani. Kisha akawaeleza kosa lake, lote, kuanzia sanda mpaka kidole.

Tangu siku hiyo alitaka jambo moja tu katika maisha, kwamba mtu mwingine asirudie hoja ile. Hakulichukia neno faida, na wenzake walipomwambia alifute alikataa, akasema neno ni sahihi, hilo ndilo linalomuumiza, maana alilitafutia kosa usiku na mchana akalikosa: jeni inafaidi, kundi linaongezeka, na mwanawe amo ndani ya hesabu hiyohiyo, upande wa gharama. Alichokitaka kirekebishwe ni sentensi ya kitabu cha shule, isemayo kwamba mbebaji wa selimundu hapati malaria kali, aliomba tu waongeze maneno "mara nyingi", na chini yake waandike kwamba hakuna ajuaye kama ni mbebaji mpaka apimwe damu. Mwaka 1996 aliitwa kwenye kikao cha waandaaji wa vitabu, akasikilizwa, vichwa vikatikiswa, akapewa chai na asante. Toleo jipya lilitoka mwaka 1998, likiwa na picha za rangi na sentensi ileile.

Aliamua basi kuongeza mwenyewe, kila Januari wanafunzi wake walichukua kalamu wakaandika maneno hayo pembeni mwa kitabu, lakini kwenye mtihani wa taifa mwenye kuandika "mara nyingi" alikatwa maksi, kwa kuwa mwongozo wa kusahihisha haukuwa nayo, na Mwalimu alipokuwa msahihishaji akawapa alama watoto wa namna hiyo, msimamizi alizifuta na mwaka uliofuata Mwalimu hakuitwa. Binti yake alikaa kwenye darasa lake kidato cha nne mwaka 2004, akajibu swali hilohilo, na aliporudi nyumbani alimwambia baba yake kwamba ameandika wanachotaka wao, kwa sababu anahitaji maksi na hana muda wa kurudia mwaka. Baba alimwambia amefanya vizuri. Baadaye binti alifungua kiduka cha fotokopi na vifaa vya shule, akakiendesha kwa utani mwingi na madeni ya wanafunzi yasiyolipika, mpaka tarehe 3 Februari 2017, kifua kilipombana akiwa dukani, akafariki kabla hajavushwa mlango wa hospitali.

Mwalimu alikuwa ameshastaafu, lakini alikuwa bado akienda shuleni kila mwaka wakati wa mada ile, akisema kwamba hata akiokoa nyumba moja inatosha. Mwezi Septemba 2021 alikuja nyumbani kijana mmoja, mhandisi wa barabara, mwanafunzi wake aliyekuwa akikaa dawati la mbele, yeye na mkewe na mtoto mchanga ambaye vidole vilikuwa vimevimba. Mke wa Mwalimu alimtazama mtoto, akaingia ndani. Mwalimu aliuliza kama hawakupimana, na kijana akajibu kwa adabu zote kwamba mke alishapimwa, ni mbebaji, ila yeye hakuona haja, kwani tangu utoto malaria ilikuwa haimwachi, na si Mwalimu mwenyewe aliyewafundisha kwamba mbebaji halazwi na malaria? Alikuwa amekumbuka sentensi ya kitabu. Kosa la Mwalimu, ambalo alisimuliwa kwa saa nzima, alilikumbuka kama kisa cha kuchekesha cha shati la sanda.

Hakwenda tena shuleni. Shinikizo la damu lilimpanda, tarehe 14 Novemba 2023 alipata kiharusi kilichochukua upande wa kulia na maneno yote, alilazwa, akarudishwa nyumbani, akalazwa tena, na tarehe 11 Juni 2024, saa nne asubuhi, alifariki dunia mkewe akimfuta uso. Tungependa kusema kwamba aliondoka ametulia, lakini tulikubaliana kutopamba. Aliondoka akijua kwamba hakusikika.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya wanaume, majirani mliopika na kufagia tangu juzi, walimu wenzake mliobeba jeneza, na uongozi wa shule uliosimamisha vipindi. Kwa namna ya pekee inawashukuru vijana wawili wa maabara ya hospitali ya wilaya, ambao kwa ombi la mjane wameweka meza pale getini tangu saa mbili asubuhi, wawapime bure vijana wote wasiojua damu yao ina nini, ilitangazwa jana, ikatangazwa leo mara tatu, na wengi wenu mmepita mbele ya meza hiyo mkawasalimu vizuri sana. Mpaka dada anasimama kusoma, pakiti ya sindano ilikuwa haijafunguliwa. Hawatakaa siku nzima, wana kazi nyingine, wameomba waruhusiwe tukishazika.

Marehemu ameacha mke. Pumzika sasa, Mwalimu, kwa amani ambayo sisi hatukukupa.